Oboli, nusu oboli, robo oboli: historia ya feza ndogo za Wagiriki



Mu mkutano wetu wa mwisho tulikaa karibu saa nzima juu ya jambo moja. Mama mmoja alileta mchango wake wa mwezi ndani ya kitambaa: noti za franka 50 na za 100, zingine zimechakaa mpaka rangi haionekane vizuri. Mwenye kushika sanduku akahesabu, akahesabu tena, na watu mu mstari nyuma yake wakaanza kunung'unika. Kisha papa mmoja akasimama na kutoa pendekezo: kuanzia mwaka kesho mchango uwe dola moja, noti nzima isiyopasuka, na hizi feza za vipande-vipande zisipokelewe tena. Wengi walipiga makofi. Mama akafunga kitambaa chake, akaenda kukaa. Kura haijapigwa bado. Pendekezo litarudi mu mkutano unaokuja.

Sisi wa tereni hatukusema kitu siku ile. Lakini mu njia ya kurudi tulikumbushana somo moja tulilolipitia mbio-mbio kule iniversite, juu ya feza za Wagiriki wa zamani. Wao pia walikutana na swali hilo: feza iwe ndogo mpaka wapi, na nani abebe kazi ya kuihesabu? Ukurasa huu ni wa historia, basi tumeona heri kuwaeleza namna walivyolijibu.

Tuanze na neno lenyewe. Kwa Kiswahili tunasema feza, ao fedha kama vitabu vinavyoandika, na neno ni lile lile kwa madini nyeupe na kwa pesa ya mkononi. Mu Kifaransa pia iko hivyo, "argent" ni madini na ni pesa. Na Wagiriki walisema "argyrion" kwa yote mawili. Si ajabu, juu kwao pesa ilikuwa kweli kipande cha feza, iliyopimwa na kupigwa muhuri wa mji. Thamani yake ilikuwa ndani ya uzito wake. Ukitaka pesa ndogo, unakata feza ndogo. Shida yote ya habari yetu inatoka hapo.

Mbele ya sarafu, walihesabu mali kwa vyuma. Vilikuwa vijiti virefu vya kuchomea nyama, sawa vile vya mishikaki lakini virefu zaidi. Kijiti kimoja kiliitwa "obelos". Mkono wa mtu mzima ulishika vijiti sita, na konzi hiyo ya sita ikaitwa "drakhme", kutokana na tendo la kukamata. Njo hapo yanapotoka majina mawili tutakayoyatumia: oboli na drakma. Mwandishi Plutarch ndiye anayeeleza hivyo, na wachimbaji waliofukua hekalu la Hera karibu na Argos, mwisho wa karne ya 19, walikuta furushi la vyuma kama hivyo. Leo viko mu makumbusho ya sarafu ya Athene. Wazee wetu hawangeshangaa sana. Katanga walikuwa na misalaba ya shaba, na mu vijiji vingi jembe la chuma lilihesabiwa kwa mahari mbele mtu ajue franka ni nini.

Sarafu zenyewe zilianza mwisho wa karne ya 7 mbele ya Kristo, mu ufalme wa Lydia na miji ya Wagiriki ya jirani, pale inapoitwa leo Uturuki. Za kwanza zilikuwa mchanganyiko wa dhahabu na feza. Karne iliyofuata miji ya Wagiriki ikageukia feza tupu: kisiwa cha Aigina na sarafu zake za kobe wa bahari, Korintho na farasi mwenye mabawa, Athene na bundi wa mungu-mke Athena. Kila mji ulikuwa na uzito wake, na mfanyabiashara aliyetoka bandari moja kwenda nyingine alipaswa kuchenji. Sisi tutafuata zaidi Athene, juu ndiyo inayojulikana vizuri.

Hesabu ilikuwa hivi: oboli 6 ni drakma 1, drakma 100 ni mina 1, mina 60 ni talanta 1. Talanta wasomaji wa Biblia mnaijua. Lakini mtu hakutembea na sarafu ya talanta mu mfuko, ilikuwa uzito wa karibu kilo 26 za feza. Talanta na mina zilikuwa hesabu za karatasi na za mizani. Sarafu kubwa ya Athene iliyojulikana kila mahali ilikuwa ya drakma 4, yenye gramu 17 na kidogo.

Sasa tushuke chini, ambako watu wengi waliishi. Drakma moja ilipima karibu gramu 4.3. Oboli, gramu 0.72. Nusu ya oboli, gramu 0.36. Robo ya oboli, ambayo jina lake refu ni tetartemorion, gramu 0.18. Na katikati ya hizo waliweka zingine: oboli tatu, oboli mbili, oboli moja na nusu, robo tatu za oboli, hata nusu ya ile robo. Kwa mwenye hana mizani ya dawa, tupime na mchele: oboli ni uzito wa punje kama 30, robo ya oboli ni punje saba ao nane. Na ilikuwa sarafu kamili, yenye picha pande mbili! Upana wake haufiki ukucha wa kidole kidogo. Ukiidondosha mu mchanga wa njia, umeipoteza.

Ili mtu asichanganye, waliweka alama. Mu karne ya 4, oboli tatu za Athene zilikuwa na bundi anayekutazama usoni katikati ya matawi mawili ya mzeituni. Oboli mbili: bundi wawili wenye kichwa kimoja. Robo ya oboli ilichorwa mwezi mwembamba. Hata mtu asiyejua kusoma alitambua amepewa nini.

Tufanye mfano wa thamani. Mwisho wa karne ya 5, mafundi waliojenga hekalu la Erekhtheion huko Athene walilipwa drakma moja kwa siku, na hesabu zile ziliandikwa juu ya mawe, ziko mpaka leo. Wenyeji, wageni, hata watumwa, malipo ya siku ni yale yale (ya mtumwa, bwana wake ndiye aliyeshika). Basi tuseme kibarua kwetu analipwa franka 6,000 kwa siku. Oboli ingekuwa franka 1,000, nusu oboli 500, robo 250. Na ile sarafu nzuri ya bundi, ya drakma 4, ingekuwa 24,000. Mama anayetaka fungu la nyanya na kitunguu hawezi kwenda ku soko na mshahara wa siku nne katika kipande kimoja. Muuzaji atamuuliza: feza ya kukurudishia nitaitoa wapi?

Zamani wataalamu wengi walifundisha kwamba sarafu zilitengenezwa kwa malipo makubwa: askari wa kulipwa, kodi, biashara ya bahari. Watu wadogo, walisema, walibadilishana tu shayiri na mafuta. Maoni hayo yalikuja juu waliofukua na waliokusanya walipenda sarafu kubwa na nzuri. Zile za nusu gramu ziliwapita chini ya jembe ao hawakuona faida ya kuziuzisha. Siku hizi, kwa kuchunguza vizuri zaidi na kwa mashine za kutafuta chuma chini ya ardhi, ndogo zimeonekana kwa wingi, na nyingi ni za zamani kabisa, za karne ya 6. Hazina moja ya mji wa Colophon, ku pwani ya Asia, ilikuwa na mamia ya vipande vidogo vya namna hiyo pamoja na feza iliyokatwa bila muhuri. Maana yake karibu tangu mwanzo wa sarafu za feza, kuna mtu aliyefikiria soko la mboga.

Hapa tunaomba msomaji asimame kidogo na kufanya hesabu nasi, juu ni hapa tuliposhangaa. Kila sarafu ilitengenezwa na mkono. Unayeyusha feza, unakata kipande, unakipima, unakiweka juu ya muhuri, unapiga nyundo. Kwa sarafu kubwa ni pigo la nyundo. Kwa robo ya oboli ni pigo la nyundo pia, tena kushika kile kipande ni tabu zaidi. Talanta moja ya feza inatoa sarafu 1,500 za drakma 4. Talanta ile ile ukiikata yote kwa robo za oboli, inatoa vipande 144,000. Feza ni ile ile, kazi ni mara 96. Hakuna mji uliopata faida kwa kufanya hivyo. Aliyetaka urahisi angepiga bundi wakubwa tu na kuwaacha maskini wajipange.

Hawakufanya hivyo, angalau si Athene na si miji mingi tunayoijua.

Na vipande hivi watu walivibeba wapi? Mu kinywa. Nguo zao hazikuwa na mifuko, na kitu cha punje nane za mchele kinapita katika tundu la kila kitambaa. Aristophanes, mwandishi wa michezo ya kuchekesha, ana mifano mitatu hivi. Katika mchezo wa Ndege, wa mwaka 414, mtu mmoja anaangalia mwewe angani, anajilaza chali kwa kinywa wazi, na oboli yake ya kununulia unga inateremka tumboni. Anarudi nyumbani na mfuko mtupu. Katika mchezo wa Nyigu, wa mwaka 422, mzee mmoja analalamika kwamba mwenzake alichenji drakma yao ku wauza samaki, akamwekea mkononi magamba matatu ya samaki. Mzee akayatia kinywani akifikiri ni oboli tatu, kisha akayatema juu ya harufu. Watu walicheka, ni wazi, juu kila mmoja alijua gamba na oboli vinafanana. Na mu mchezo ule ule kuna mama muuza mikate, anakuja na shahidi wake kumshitaki mlevi aliyemwangushia mikate ya oboli kumi. Mwandishi anamcheka kidogo, lakini sisi tunaokaa na wamama wa soko tulijisikia upande wake. Oboli kumi ni karibu siku mbili za kazi ya fundi.

Hata wafu waliwekewa oboli kinywani, ya kumlipa Charon, mwenye mtumbwi wa kuvusha roho. Tulipomweleza mzee mmoja wa Baraka habari hiyo alisema basi hata kule ng'ambo mwenye mtumbwi hana feza ya kurudisha.

Sasa tuingie mahali feza ndogo ilipobadili maisha ya mji. Katikati ya karne ya 5, kiongozi Pericles alileta malipo kwa wale walioketi kama waamuzi mahakamani. Walikuwa watu 6,000 waliopigiwa kura ya bahati kila mwaka, wenye miaka 30 na zaidi. Mbele yake ni mwenye mali tu aliyeweza kuacha shamba na kukaa siku nzima kusikiliza mashitaka ya watu. Malipo yalikuwa oboli 2 kwa siku. Karibu mwaka 425 Cleon akayapandisha kuwa 3. Nusu ya mshahara wa fundi. Si utajiri, lakini ilitosha mzee wa kazi ngumu aseme: leo naenda kuhukumu. Baada ya vita walilipa pia wanaohudhuria mkutano wa raia wote: kwanza oboli 1, kisha mwingine akapandisha kuwa 2, kisha 3. Mambo hayo yameandikwa katika kitabu juu ya katiba ya Athene kilichotoka mu shule ya Aristotle, oboli kwa oboli, na majina ya waliopendekeza. Mtu alijenga jina lake la siasa kwa kuongeza sarafu moja ya gramu 0.72.

Wenye mali hawakupenda. Plato anamweka Socrates akisema watu wanasimulia kwamba Pericles, kwa malipo hayo, aliwafanya Waathene kuwa wavivu, waoga, wenye maneno mengi na tamaa ya feza. Sauti hiyo tunaijua. Inasikika kila mara wakati wa kugawa msaada. Tuseme pia ukweli wa upande mwingine: wanawake hawakuketi mahakamani, wageni hawakuketi, watumwa hawakuketi. Oboli tatu zilifungua mlango kwa maskini wa kiume mwenye uraia, zikaishia hapo.

Kuna jambo moja ambalo lingegusa kila memba wa chama cha kusaidiana. Athene ilitoa posho kwa watu wenye ulemavu wasioweza kazi. Sharti lilikuwa mtu awe na mali isiyofika mina 3, na baraza la mji lilipaswa kumchunguza. Wakati wa Aristotle posho ilikuwa oboli 2 kwa siku. Mbele kidogo ilikuwa 1. Mwandishi Lysias alimwandikia mtu mmoja maneno ya kujitetea mbele ya baraza hilo. Mtu huyu alitembea kwa fimbo mbili na alikuwa na kazi ndogo ya mkono, tena kaduka karibu na soko ambako watu walikaa kupiga soga. Mtu mwingine alimshitaki kwamba hastahili oboli yake: eti anapanda farasi, eti anajua kazi, eti rafiki zake ni matajiri. Naye anajibu moja kwa moja: farasi ni wa kuazima, na ningekuwa na mali ningepanda nyumbu mwenye kiti laini, nisingeomba farasi za watu, na kama nikinyang'anywa oboli hii, mshitaki wangu aje basi aipokee yeye kama mlemavu.

Tulisoma ukurasa huo na kucheka kwa uchungu. Sisi tunaoandika listi za wenye kustahili, ni mara ngapi tumesikia: yule ana simu, yule ana bati juu ya nyumba, mtoeni! Kwa oboli moja, sawa na moja ya sita ya siku ya kazi, mtu alisimama mbele ya baraza la watu 500 kueleza miguu yake. Anayeona kiasi ni kidogo mno kubishaniwa hajakaa na mwenye kuishi nacho.

Oboli iliingia hata mu vita. Athene na Sparta walipigana tangu 431 mpaka 404 mbele ya Kristo, na mwisho vita ilikuwa ya merikebu. Merikebu moja ya vita ilihitaji wapiga makasia 170, na hao walifuata malipo. Watu wa Sparta hawakuwa na feza. Waliipata kwa Waajemi. Liwali wa Waajemi, Tissaphernes, alikuwa akilipa drakma moja kwa siku, halafu akaishusha mpaka oboli 3. Mwaka 407 akaja mwana wa mfalme, Cyrus, kijana bado. Xenophon anasimulia namna Lysander, mkubwa wa merikebu za Sparta, alivyomwomba apandishe malipo, na kijana akakataa: mapatano ni oboli 3. Lysander hakubishana. Wakati wa chakula cha jioni Cyrus alimnywea divai akamuuliza ni zawadi gani ingemfurahisha kuliko zote. Akajibu: uongeze oboli moja kwa malipo ya kila baharia.

Angeweza kuomba dhahabu. Tangu siku ile malipo yakawa oboli 4, na Plutarch anasema wapiga makasia wa Athene walianza kuhama, merikebu za adui zikabaki nusu tupu. Miaka miwili baadaye, ku Aegospotami, Lysander aliziteka karibu merikebu zote za Athene pale ufukweni. Hatusemi ni oboli moja iliyoangusha Athene. Kulikuwa na njaa, na majenerali wabaya, na mengine. Lakini Lysander alijua mtu wa kasia anahesabu nini anapolala.

Na feza yenyewe ilitoka wapi? Tusifiche. Ilitoka chini ya ardhi ya Laurion, kusini ya Athene, mu mashimo membamba ambako watumwa walichimba kwa taa za mafuta. Sisi wa Kivu hatuhitaji kuelezwa shimo la madini ni nini. Mwaka 483 walipata mshipa mkubwa sana, na Themistocles akawashauri raia wasigawane ile feza bali wajenge merikebu, ambazo ziliwaokoa na Waajemi. Lakini mwaka 413 Sparta ilipoweka ngome ku Decelea, ndani ya nchi ya Athene, watumwa zaidi ya 20,000 walikimbia. Thucydides ndiye anatoa hesabu hiyo. Feza ikakauka, na mwisho wa vita mji ukapiga sarafu za shaba zilizofunikwa feza nyembamba juu. Watu walizichukia, na baadaye zikaondolewa.

Hiyo hofu ya feza mbaya ilibaki. Mwaka 1970, wachimbaji walipata ku soko kuu la Athene jiwe lenye sheria ya mwaka 375, iliyopendekezwa na mtu anayeitwa Nikophon. Tungependa kila mwenye kubadili feza kando ya njia aisome. Inasema kwamba mtumwa wa serikali, mjuzi wa feza, akae kila siku katikati ya meza za wachenjaji sokoni, na mwingine akae bandarini Piraeus. Mtu akiwa na mashaka, anamletea sarafu. Ikiwa ndani ni shaba ao risasi, mjuzi anaikata palepale isirudi tena mu soko. Ikiwa ni feza nzuri, anaipitisha. Na muuzaji anayekataa sarafu ambayo mjuzi ameipitisha, anapoteza bidhaa zote alizoweka kuuzisha siku ile. Mjuzi asipofanya kazi yake, viboko 50.

Someni tena ile ya muuzaji. Kwetu, dola yenye kapasuko ka milimita mbili inakataliwa, dola moja-moja inakataliwa, franka 50 inatupwa, na anayepata hasara ni yule aliye na noti mkononi, hata kama hakuipasua yeye. Waathene walimpa hasara mwenye kukataa. Adhabu ya viboko tunawaachia wao. Lakini mtu anayejua, aliyewekwa na mji, anayekaa sokoni bila kulipwa na muuzaji wala mnunuzi, huyo tungemkaribisha kesho Uvira.

Baada ya hapo habari ya feza ndogo inafupika. Kukata feza mpaka gramu 0.18 ilikuwa kazi ya mateso kwa anayetengeneza na kwa anayebeba, na katikati ya karne ya 4 Athene ilifuata miji mingine kama ya Sicilia, ikaanza kupiga shaba kwa wingi. Sarafu ya shaba, khalkous, ilikuwa kubwa ya kushikika mkononi, na nane zake zilihesabiwa oboli moja. Robo za oboli za feza zikapotea polepole. Zile sarafu mbili za mjane, ambazo Injili ya Marko inazitaja mbele ya sanduku la hekalu, zilikuwa pia za shaba, ndogo kuliko zote zilizotembea kule. Drakma ilisafiri zaidi: Waarabu walifanya kutoka kwake neno dirhamu, na Ugiriki ya leo ilitumia jina hilo mpaka ilipoingia katika yuro. Kwetu pia jina dogo liliwahi kupanda. Makuta zilikuwa sehemu ya mia ya zaire, tangu 1967. Zaire imekwisha, na makuta ikabaki kwa watu wengi kama jina la pesa yote. Sengi, mia moja ndani ya likuta, wazee tu ndio wanaikumbuka.

Turudi mu mkutano wetu. Pendekezo la dola moja lina sababu zake na aliyelitoa si mtu mbaya: noti za 50 zinachukua muda, zinapasuka, na mwenye kushika sanduku anatoka kwake saa kumi na moja ya asubuhi. Tunachoomba ni kwamba muda huo usihesabiwe kama deni la wale wanaoleta noti ndogo. Kati ya wamemba waliorudi mwaka huu, wengi wanapata feza yao kwa mafungu ya ndagala, kwa lenga-lenga, kwa kubeba mizigo, franka mia kwa mia. Wakitakiwa kuleta dola, watakwenda kuinunua kando ya njia, na mwenye meza atakata kipande chake mbele feza ifike ku sanduku letu.

Siku ile, baada ya watu kutoka, tulimwomba mama atufungulie tena kitambaa na tukahesabu pamoja naye. Mchango ulikuwa kamili, ukazidi na franka 50, nasi hatukuwa na ya kumrudishia.

Kwa hiyo mbele ya kura tutaleta pendekezo la pili. Watu wawili wajitolee kufika saa moja mbele ya mkutano, wakae ku meza yao pembeni, wapokee noti za 50 na za 100, wazipange kwa mafungu ya kumi na kuzifunga na uzi, kisha zipelekwe ku sanduku zikiwa zimehesabiwa. Mmoja wetu ameshajiandikisha. Anayependa kuwa wa pili amwambie katibu mbele ya mwisho wa mwezi.